Kuna Mtu Anauliza

Katika ofisi ile ya msaada wa kisheria, ghorofani juu ya duka la vipuri vya pikipiki, hakuna mtu aliyewahi kuwa na tatizo. Wenye matatizo walikuwa watu wengine: jirani, shemeji, rafiki wa kaka, ambao kwa bahati mbaya siku hiyo hawakuweza kuja wenyewe. Kuna mtu mbwa wake kamuuma mgeni aliyeingia bila kubisha hodi. Je, mwenye mbwa analipa matibabu? Na anayeuliza suruali yake imejaa manyoya ya mbwa mpaka magotini. Kuna mtu ukuta wake umeliangukia gari la jirani usiku wa mvua. Je, lawama ni ya mwenye ukuta au ya mvua? Na anayeuliza ana tope kwenye viatu na usingizi machoni.

Lilianzishwa na Wakili mwenyewe jambo hilo. Alikuwa mzee mwenye sauti ya kukwaruza, macho yamemchoka kwa kusoma, makaratasi hayataki tena kuyaona. Alitaka swali lisemwe kwa sauti, bila jina, ili walioketi kwenye benchi wajifunze bure na wasirudi kesho kuuliza lilelile. Watu wakaona hapo hapo pana mwanya. Kama jina halitakiwi, basi na mimi si mimi. Ikawa mtindo, na mtindo ukishaota mizizi mahali hakuna wa kuung'oa.

Aliyesimama dirishani kupokea maswali alikuwa mwanamke wa makamo waliyemwita Spika, kwa ajili ya sauti yake. Mtu alinong'ona kwenye tundu la kioo, au alinong'ona kwenye simu, na Spika akageuka akalitangaza swali hadi wauza vipuri chini wakalisikia. Hakuongeza chumvi wala hakupunguza. Mwanamume akianza na habari za babu yake, Spika alimtazama tu juu ya miwani mpaka akafika kwenye ukuta wenyewe.

Kipindi cha uchaguzi benchi lilikuwa halitoshi. Kuna mtu anataka kugombea udiwani, na zamani aliwahi kukutwa na nyaya za umeme ambazo hakueleza vizuri zilifikaje kwake. Je, wakimchunguza watalifukua hilo? Watu wakavunjika mbavu, na yule bwana aliyeuliza akacheka kuliko wote, jasho linamtoka. Wakili akamjibu kwamba anayeomba kura ameomba na kuchunguzwa, na kwamba tuhuma peke yake haimwondoi mtu kwenye kinyang'anyiro, ila hukumu inaweza. Spika hakucheka. Maswali ya wagombea yalimpitisha mahali asipopenda kupita mbele za watu.

Mumewe alikuwa mchoraji wa mabango. Mtaa mzima ulimwita Brashi, na yeye mwenyewe akijiita hivyo hivyo. Kazi yake kubwa ilikuja na kampeni, kuchora sura za wagombea ukutani, na alikuwa mkarimu mno katika kazi hiyo: aliwapunguzia vitambi, akawaongezea nywele, na wengine akawapa macho ya huruma ambayo mama zao wasingeyatambua. Akirudi jioni alimwigizia mkewe kila mmoja alivyosimama kujitazama ukutani, mpaka mke anaweka sufuria chini acheke vizuri.

Mwaka mmoja alimchora mgombea aliyekuwa amesimamia ujenzi wa zahanati, na paa la zahanati lilikuwa limeanguka mvua za kwanza tu. Uchunguzi ulikuwa unaendelea. Wote walijua, ila kulikuwa na sheria wakati huo: ni marufuku kutangaza kwamba mgombea anachunguzwa mpaka kura zihesabiwe, na anayetangaza ni jela. Brashi akamaliza sura, akarudi nyuma kidogo kuitazama, ikampendeza. Kisha, maana alikuwa mtu ambaye mkono wake ulimtangulia kichwa, akaongeza chini yake, kwa herufi zilezile nzuri, neno moja: ANACHUNGUZWA.

Mwenye ukuta aliitwa kwanza, akaulizwa kwa nini ukuta wake unasema mambo kama hayo. Wakati anajieleza, Brashi alifika nyumbani mchana kweupe, akanawa mikono kwa mafuta ya taa, rangi ya buluu ikabaki kwenye kucha. Mkewe alikuwa amempakata binti yao aliyekuwa anaota meno. Alimtazama akitia mashati kwenye begi, hakuamini kama mambo yamefika huko.

"Nitarudi sheria hii ikiondoka, mwenzangu," Brashi alisema.

"Na isipoondoka?"

"Itaondoka. Ya kijinga mno, haiwezi kudumu."

Akacheka, akambusu mtoto utosini, akapita mlango wa nyuma kati ya matangi ya maji. Mwanzoni alipiga simu, kila mara kwa namba nyingine. Baadaye zikapungua. Habari ya mwisho ililetwa na dereva wa lori: Brashi mzima wa afya, yuko ng'ambo ya mpaka, anachora majina ya maduka, anawasalimu.

Ndipo mke alipopanda ngazi za ofisi ile kwa mara ya kwanza, mtoto mgongoni, akaketi kwenye benchi kama wengine. Kuna mtu mumewe kakimbia, alisema. Wakili akamweleza kwamba sheria, hata ikiwa mbovu, inafuatwa mpaka ifutwe na walioitunga au ibatilishwe na mahakama, na kwamba tayari kuna watu wamefungua kesi kuipinga. Alirudi wiki iliyofuata kuuliza kesi imefika wapi. Akarudi tena. Siku moja akakuta sakafu chafu, akaifagia huku akisubiri, na hivyo ndivyo alivyopata kazi, maana aliyekuwa dirishani wakati huo alikuwa anaolewa mji mwingine.

Sheria ile aliijua kuliko alivyowajua majirani zake. Aliijua kifungu na kifungu kidogo. Alipoosha vyombo aligombana nayo kwa sauti ya chini, akaitukana matusi ambayo binti yake hakupaswa kuyasikia lakini aliyasikia yote. Kuwa na wa kumchukia kulimsaidia kuamka asubuhi. Watu walipomuuliza mumeo yuko wapi, hakusema ameniacha, wala hakusema sijui. Alisema, "Kuna sheria inamzuia," na akasimama wima aliposema hivyo.

Na alimtamani. Tusizunguke. Alitamani uzito wake upande ule wa kitanda uliobaki juu, haujabonyea. Alitamani kusikia mtu akikwangua brashi uani huku akiimba wimbo bila maneno. Akipita mahali panapopakwa rangi alipunguza mwendo, akavuta pumzi, kisha akajitia anatafuta kitu kwenye mkoba. Wali wake haukuwahi kuwa na kipimo. Kila siku ulizidi sahani moja. Kitasa cha mlango wa mbele kilikuwa kibovu, ukiingiza ufunguo ni lazima uunyanyue na kuubembeleza, na fundi alishasema mara chungu nzima kwamba kibadilishwe. Hakukibadilisha, kwa sababu Brashi aliondoka na ufunguo wake mfukoni.

Binti akakua akigombana na kitasa hicho hicho. Akawa mwalimu wa watoto wadogo, mrefu, mwenye kicheko cha baba yake, kicheko ambacho mama wakati mwingine alitoka chumbani ili asikisikie.

Habari yenyewe ilipanda ngazi kwa miguu ya muuza vipuri, ambaye redio yake haikuzimwa kamwe. Alisimama mlangoni akihema, mikono imejaa grisi.

"Spika, ile sheria yako imefutwa. Mahakama kuu. Wametangaza sasa hivi, na namba ya simu ya ofisi hii wameitaja, kwa wenye maswali."

Benchi zima likamgeukia. Wakili akasogeza kiti.

"Imefutwa au imebatilishwa?" aliuliza.

"Imebatilishwa, wamesema."

"Basi sema hivyo hivyo, bwana. Sheria ikifutwa na bunge, inaishia siku hiyo. Jana bado ilikuwa sheria. Mahakama ikiibatilisha kwa kuwa inavunja katiba, ni kama haikuwahi kuwepo tangu siku ya kwanza. Waliofungwa kwayo watoke."

"Na waliokimbia?" aliuliza Spika. Hakuna aliyekuwa amemnong'onezea swali hilo.

"Wakitaka warudi leo, hata chakula cha mchana wanawahi."

"Na ile miaka? Nani anawajibika kwayo?"

Wakili alisugua macho yake. "Hapo pagumu. Aliyefungwa anaweza kuidai serikali fidia, na asipokata tamaa njiani anaweza kuipata. Aliyekimbia, alikimbia mwenyewe, hakuna aliyemshika mkono. Na waliopiga kura kuipitisha wana kinga. Huwezi kumshtaki mbunge kwa kura aliyopiga bungeni."

"Kwa hiyo hakuna."

"Kwa hiyo hakuna, dada yangu."

Siku nyingine jibu hilo lingemchoma. Siku hiyo hata halikumgusa. Alishuka ngazi akiwa na miguu ya msichana, akanunua mashuka mapya ya rangi ya maziwa, akaenda kusukwa nywele na msusi akamuuliza ni harusi ya nani. Nyumbani aliosha madirisha ambayo yalikuwa safi. Jioni aliketi karibu na mlango, akitega sikio kwa kila kishindo cha nyayo nje, akijua kabisa kwamba mtu hawezi kuvuka mpaka kwa siku moja, na akitega sikio vilevile.

Wiki ya kwanza alisema barabara ni mbaya. Wiki zilizofuata alisema labda anamalizia kazi za watu, Brashi hawezi kuacha duka la mtu limeandikwa nusu jina. Majirani waliuliza kwa wema, kisha wakauliza kwa upole, kisha wakaacha kuuliza, na huko kuacha ndiko kulikomkata maini.

"Mama," binti yake alisema jioni moja, wakiwa wanachambua mchele, "fundi aje atie kitasa kingine?"

"Cha nini? Hiki kinafungua."

"Mama, baba sasa hazuiwi na kitu."

"Labda hajasikia."

"Redio ziko kila mahali."

"Labda hana nauli."

"Mama."

"Chambua mchele, mwanangu. Mawe bado yamo."

Usiku ule hakuitukana sheria wakati wa kuosha vyombo, maana hapakuwa na sheria. Alijaribu kumchukia mtu mwingine na hakumpata. Miaka yote alikuwa amedhani sheria ile imemkalia kooni yeye, kumbe pia ilikuwa imemshikilia mumewe mahali pamoja, na uso wake uleule, na ahadi yake mdomoni. Sasa ilikuwa imemwachia. Alilala kwenye mashuka ya rangi ya maziwa, upande wake, akaogopa kama mtoto.

Simu ililia katikati ya asubuhi, siku ambayo benchi lilikuwa limejaa hadi watu wawili walikalia ndoo iliyopinduliwa. Spika aliinua mkono wa simu huku akiandika namba za foleni.

"Msaada wa kisheria, uliza."

Upande wa pili mtu alikohoa kidogo, kikohozi kikavu cha kusafisha njia ya maneno, kisha hakusema neno. Spika akaacha kuandika. Alikijua kikohozi kile. Alikuwa amekisikia kila asubuhi ya ndoa yake, nyuma ya pazia, kabla ya kuambiwa habari za asubuhi, mwenzangu. Na kwa jinsi yule mtu alivyonyamaza, alijua kwamba naye ameijua sauti yake, na kwamba alipopiga hakujua atampata nani. Redio ilikuwa imetaja namba, naye akaipiga, basi. Angeweza kukata simu. Hakukata.

"Kuna mtu," sauti ilisema mwishowe, taratibu. "Aliandika jambo la mgombea ukutani. Akakimbia. Sasa sheria haipo. Anauliza, akionekana huko, atakamatwa?"

Spika aligeuka. Sauti ilimtii, ile sauti haijawahi kumwangusha.

"Kuna mtu aliandika ukutani kwamba mgombea anachunguzwa, akakimbia. Akirudi atakamatwa?"

"Hakamatwi," Wakili alijibu, akifuta miwani isiyomsaidia. "Hakuna kosa, halikuwahi kuwepo. Hata mwenye ukuta hana la kujibu. Linalofuata."

"Hakamatwi," Spika alisema kwenye simu. "Hakuna kosa."

"Ahsante." Akakohoa tena. "Kuna lingine."

"Uliza."

"Huyo mtu, huko aliko, ana mke. Ana watoto wawili. Mdogo bado ananyonya." Akavuta pumzi. "Anataka kujua ana wajibu gani kwa yule wa kwanza."

Kulikuwa na kalenda ukutani mbele ya Spika, ya kampuni ya betri, na picha ya mlima wenye theluji. Aliutazama mlima huo mpaka akaujua wote. Kisha akageuka na kulitangaza swali, lote, mke, watoto wawili, mdogo ananyonya, bila kuongeza na bila kupunguza. Mama mmoja mwenye kitambaa cha njano, aliyeketi mwisho wa benchi, akasonya. "Wanaume hawa," akasema, na wanawake wakaitikia.

Wakili alihesabu kwa vidole, kama kawaida yake. "Ndoa haivunjwi na umbali. Huyo wa kwanza ni mkewe mpaka mahakama iseme vingine. Anamdai matunzo, na mtoto wao naye ana haki yake. Mke akichoka, aombe talaka kwa sababu ya kutelekezwa, atapewa bila shida. Ndiyo dhima yake hiyo, haizidi hapo."

"Na kurudi?" Spika aliuliza.

"Kurudi wapi?"

"Nyumbani. Anaweza kulazimishwa?"

Wakili akatabasamu, na benchi likajiandaa kucheka. "Hakuna askari wa kazi hiyo. Sheria inaweza kumzuia mtu asirudi kwake, tumeona. Kumrudisha haiwezi."

Wakacheka. Spika akawapa mgongo na kumweleza mtu wa kwenye simu kila kitu kwa mpangilio: ndoa, matunzo, mtoto, talaka, na kwamba halazimishwi. Alikuwa mtu wa kazi yake hata hapo.

"Umesikia?"

"Nimesikia."

"Binti yake ni mwalimu. Mwambie huyo mtu. Anafundisha watoto wadogo, na akicheka ni yeye mtupu."

Kwa sauti ndogo sana: "Na mama yake?"

Hapo angeweza kumjibu kwa hasira, na hakuna ambaye angemlaumu. Hasira ilikuwepo. Lakini chini ya hasira lilikuwepo lile jingine, kubwa kuliko hasira, na ndilo lililotoka, na kwa kuwa alikuwa na sauti moja tu ya kazi, lilitoka kwa sauti hiyo, ofisi nzima ikasikia.

"Mama yake anataka urudi. Hata hivyo ulivyo, na hao watoto, na yote. Anakutamani mpaka anaumwa. Uje hata kesho."

Kicheko kilikatika kwenye benchi. Muuza vipuri alikuwa amepanda kuomba maji ya kunywa. Akabaki na kikombe mkononi.

"Mwenzangu," alisema Brashi, na sauti ikamvunjika. "Sasa hivi nimeota mizizi huku. Usiningoje."

Akamsikia akilia. Kisha hakumsikia tena, simu ilikuwa imekatwa, na Spika akaurudisha mkono wa simu mahali pake polepole, kama unaweza kuvunjika.

Wakili hakuwa ameona uso wake. Aliona kivuli tu dirishani. "Linalofuata," alisema, lakini bila ukali.

"Linalofuata ni langu," Spika alijibu.

Katika ofisi ile hakuna mtu aliyewahi kusema hivyo. Watu walitazama sakafu.

"Mume wangu yuko hai, Wakili. Hakamatwi, hafungwi, hazuiwi na kitu. Na harudi. Nimemngoja mpaka mtoto wangu amekuwa mtu mzima. Nimdai nani?"

"Kwa mujibu wa..." Wakili alianza, kwa mazoea, akaacha. Akainuka. Akapapasa ukingo wa meza, kisha mgongo wa kiti, kisha ukuta, mpaka akafika dirishani, akatafuta mkono wa Spika kwa mkono wake, akaupata.

"Sijui, dada yangu," alisema. "Hili silijui."

Spika akatikisa kichwa kwamba amesikia. Akafungua kijimlango cha upande, akatoka nyuma ya dirisha, akaenda kwenye benchi. Yule mama wa kitambaa cha njano akajisogeza, akamsukuma na jirani yake ili nafasi ipatikane. Spika akakaa kati yao, watu wenye mbwa na kuta na wagombea wao, akafunika uso kwa viganja vyote viwili, akalia.